Maswali ya Wasomaji: Usaili wa Uhandisi wa Matangi ya Shinikizo

SWALI: Ndugu Mhariri, nimehitimu uhandisi mitambo na nimeitwa kwenye usaili wa kampuni inayosanifu boila na matangi ya shinikizo. Nimekariri kanuni nyingi za ASME (Jumuiya ya Wahandisi Mitambo ya Marekani), lakini nahofia kuulizwa nisichokikariri. Nijiandae vipi?

JIBU: Ndugu msomaji, wasaili wa fani hii humtafuta mtu awezaye kueleza sababu ya kila kanuni, kwa hiyo muda uliobaki utumie kujiuliza “kwa nini”. Chukua unene wa ukuta wa silinda. Kwa kanuni ya ASME ya Sehemu ya VIII, Divisheni ya 1, yaani t = PR/(SE − 0.6P), shinikizo (P) la megapaskali 1.5, nusu kipenyo (R) cha milimita 500, mkazo unaoruhusiwa (S) wa megapaskali 138 na ufanisi wa kiungo (E), yaani kiwango cha kuaminika kwa mshono uliochomelewa, wa 0.85 vitakupa unene (t) wa takriban milimita 6.4, kabla ya kuongeza unene wa ziada kwa ajili ya kutu. Maswali mazito huanzia hapo. Kwa nini 0.85? Kwa sababu mshono, uliochomelewa pande zote mbili, umepigwa eksirei kwa sampuli tu. Ukipigwa wote, ufanisi hufika 1.0 na unene hushuka hadi milimita 5.5 hivi. Na kwa nini mshono wa urefu ndio unaotawala hesabu? Kwa sababu mkazo unaouzunguka ukuta ni takriban maradufu ya ule unaofuata urefu wa silinda.

Kuhusu majaribio ya kulijaza tangi maji kwa shinikizo, haitoshi kutaja mara 1.3 ya shinikizo la juu linaloruhusiwa, pamoja na marekebisho ya uwiano wa mikazo (mkazo unaoruhusiwa kwenye joto la jaribio kwa ule wa joto la kazi). Eleza kwamba maji hupendelewa kuliko hewa kwa kuwa hayabanwi kwa urahisi, hivyo huhifadhi nishati kidogo, na tangi likipasuka hatari yake huwa ndogo zaidi. Kwa maoni yangu, jibu hili humpima mwombaji kuliko hesabu yoyote, maana kanuni hizi zimezaliwa na misiba: mwaka 1905 boila ililipuka katika kiwanda cha viatu cha Grover mjini Brockton, Marekani, ikaua watu 58, na jimbo la Massachusetts likatunga sheria ya boila miaka miwili baadaye.

Pitia pia valvu za usalama. Ukiulizwa usilolijua, taja sehemu ya kanuni ambayo ungeifungua kwanza na ueleze ungetafuta nini humo.