Shuka la mapokezi

SWALI: Shikamoo Shangazi. Nafanya kazi mapokezi kwenye hoteli moja hapa Arusha. Siku hizi sote tunavalishwa shuka jekundu la Kimasai na shanga. Meneja anasema ndiyo sura ya Tanzania. Mimi ni Mchaga wa Machame. Mlinzi wetu, Mmasai wa Monduli, kila asubuhi ananicheka. Baba naye anasema Utanzania ni Kiswahili na kadi ya kura, basi. Mgeni akiniuliza kama hii ni nguo ya kwetu, nimjibu nini? – Binti wa Sakina

JIBU: Marahaba, mwanangu. Mlinzi mwache acheke, ana haki yake. Mwaka 1968, hapa hapa mkoani Arusha, kulikuwa na operesheni ya kuwavisha Wamasai suruali. Mwenye lubega, aliyejipaka udongo mwekundu, alionekana anaiaibisha nchi inayotaka maendeleo. Hata kupanda basi ilikuwa shida. Leo shuka hilohilo ndilo linalomlaki mtalii. Wao hawakuulizwa, na wewe hukuulizwa.

Baba yako namwelewa. Amekulia nyakati ambazo kutaja kabila ofisini kulionekana kama kuomba upendeleo. Sensa ya 1967 ndiyo ya mwisho kuliuliza. Ulitufaa utaratibu ule. Mpare na Mmeru wamepanga nyumba moja Kaloleni, wanagombania bomba la maji tu. Lakini Desemba ikifika, si baba yako huyo huyo anayegombania siti ya basi kwenda Machame?

Meneja ndiye simwelewi. Vazi la taifa la kisheria hatuna. Kamati imewahi kuundwa, michoro ikachorwa, sisi tukaendelea na vitenge vyetu. Na shuka lenyewe la miraba ni kitambaa cha kiwandani, wazee wa Kimasai walivaa ngozi.

Sare ni sare, vaa upokee mshahara. Mgeni akiuliza, mwambie: "Hapana, hii ni ya jirani zetu Wamasai. Mimi Mchaga, kwetu ni migombani, upande wa Kilimanjaro." Atakuuliza mengine, na hayo ndiyo aliyoyafuata.

Ila shanga, mwanangu, kamwulize mlinzi kabla hujazivaa tena. Kwao za mwanamke aliyeolewa si za binti. Huenda ndicho anachokucheka.