Hasira Hushuka Ngazi: Niliyojifunza kwa Nyani wa Gombe na kwa Mwanafunzi Wangu

Nimefundisha shule za msingi mkoani Kigoma kwa miaka 19, na katika miaka hiyo, saba nilikuwa mwalimu wa nidhamu. Ninaandika makala hii kwa ajili ya walimu wenzangu, wazazi na yeyote ambaye ana mtu chini ya mamlaka yake, kwa sababu kuna jambo moja kuhusu hasira ambalo nililiona kwa macho yangu muda mrefu kabla sijalielewa, na mtoto wa watu ndiye aliyelipia ujinga wangu.

Asubuhi hiyo kiongozi mmoja alikuja shuleni kukagua kazi zetu. Alifungua andalio langu la somo mbele ya walimu wote, akalisoma kwa sauti, kisha akaniuliza kama nilikuwa naumwa siku nilipoliandika. Sikujibu, maana mtu wa cheo changu hajibu. Nilitoka ofisini mikono ikinitetemeka, na mlangoni nikakutana na mvulana wa darasa la sita aliyechelewa, magamba ya dagaa bado yamemganda mikononi kwa sababu alikuwa ufukweni akimsaidia mama yake kuanika. Alianza kunieleza hayo, lakini sikumsikiliza. Utaratibu wa nchi yetu unataka viboko shuleni visizidi vinne, vitolewe kwa kosa kubwa na kwa idhini ya mwalimu mkuu, na viandikwe kwenye daftari maalumu. Mimi siku hiyo sikuomba idhini, sikuandika popote, na wala sikuhesabu.

Dakika chache baadaye, nikiwa nimesimama dirishani, nilimwona mvulana yule akielekea bombani, ambako mtoto wa darasa la pili alikuwa amekinga kidumu chake. Alimpiga kikumbo, kidumu kikaanguka, maji yakamwagika. Yule mdogo alipoinuka, suruali imelowa, alitazama huku na huku, akaokota jiwe akamrushia mbwa aliyekuwa amelala kivulini chini ya mwembe. Mbwa alilia akakimbia. Fimbo ilikuwa bado mkononi mwangu.

Nilihuzunika, lakini sikuelewa nilichokiona. Nilikuja kukielewa mwaka uliofuata, tulipowachukua wanafunzi kwa boti kutoka Kibirizi kwenda Hifadhi ya Taifa ya Gombe. Wageni wengi hufika pale kwa ajili ya sokwe mtu, ambao Jane Goodall alianza kuwachunguza mwezi Julai 1960, lakini kabla hujaanza kupanda mlima unapokewa na nyani, kwa kuwa wao hushinda ufukweni wakiokota chochote kilichosahauliwa na wavuvi. Tulipokuwa tunasubiri kupangwa katika makundi, nyani dume mmoja mkubwa alimkabili mwenzake, akainua nyusi hadi kope zake nyeupe zikaonekana, akafunua meno. Mwenzake alirudi nyuma na kugeuka, kisha bila kupoteza muda akamfukuza dume kijana aliyekuwa amekaa pembeni na wala hakuhusika. Kijana yule alimrukia jike aliyekuwa anatafuna matunda chini ya mti, na jike akamgeukia mtoto wa mwenzake akamchapa kofi. Mlolongo wote haukuchukua hata dakika moja, ukaishia kwenye kilio cha yule mtoto. Mhifadhi aliyekuwa nasi aliniambia, “Mwalimu, umewaona? Aliyeonewa hamrudii aliyemwonea. Anamtafuta anayemmudu.”

Nilibaki nimesimama pale mchangani, na picha ya bomba la shule ikanirudia yote, kuanzia andalio la somo hadi mbwa.

Tangu hapo nimesoma kila nilichoweza kukipata kuhusu tabia hii. Mtafiti wa Marekani, Robert Sapolsky, aliwafuatilia nyani wa Masai Mara nchini Kenya kwa miaka mingi kuanzia mwishoni mwa miaka ya 1970, akiwalaza kwa vishale vya dawa ya usingizi ili awapime damu. Alikuta kwamba wanaoonewa mara kwa mara huishi na kiwango kikubwa cha homoni za msongo, hata katika saa ambazo hakuna anayewagusa. Alikuta pia kwamba dume anayeshindwa kisha akamalizia hasira zake kwa mwingine huwa na kiwango kidogo cha homoni hizo kuliko anayeshindwa akanyamaza. Naomba msomaji alitafakari hili la pili, kwa sababu ndilo linaloeleza kwa nini tabia yenyewe ni ngumu kuiacha. Anayemwonea mdogo hupata nafuu ya kweli mwilini mwake. Nilipomchapa yule mvulana nilihisi kifua kikilegea, na kwa miaka mingi nilikuwa nauita ule wepesi wa kifua “kusimamia nidhamu”.

Kwa hiyo ushauri wangu wa kwanza ni kwamba usitegemee nia njema peke yake. Mwili uliotoka kudhalilishwa unatafuta pa kutua, na ukikutana na mtoto kabla haujatulia, utatua kwake. Siku hizi nikitoka katika kikao kibaya siingii darasani moja kwa moja. Natembea hadi mwisho wa uwanja wa mpira na kurudi, nanawa uso, nakunywa maji, na njiani najiuliza swali moja tu: ugomvi huu ni wangu na nani? Likipatikana jibu, mara nyingi mtu huyo hayumo darasani. Nikiona bado sijatulia, nawaambia wanafunzi waziwazi kwamba leo mwalimu wao hayuko sawa na kwamba si kwa sababu yao. Nilidhani kusema hivyo kungenishushia heshima, lakini haikutokea. Mzazi anayetoka kazini anaweza kufanya vivyo hivyo kwa kushuka kituo kimoja kabla ya kwake na kumalizia kwa miguu, au kwa kukaa barazani kidogo kabla ya kuulizia madaftari ya shule.

Wapo wanaoniambia kwamba ninajisumbua, kwa kuwa ukali ni silka ya kila kiumbe na haina dawa. Sikatai kwamba silka ipo. Gombe hiyo hiyo, kati ya 1974 na 1978, sokwe mtu wa kundi la Kasakela waliwaua mmoja baada ya mwingine madume wa kundi la Kahama, ambao miaka michache nyuma walikuwa kundi moja nao, wakila pamoja na kuchambuana manyoya. Mmoja wa waliouawa alikuwa Goliath, mzee aliyewahi kuwa kiongozi wa wale waliomuua. Aliyempokonya Goliath uongozi, mwaka 1964, alikuwa dume asiye na mwili mkubwa aliyeitwa Mike, na hakuupata kwa kuuma mtu. Aliokota madebe matupu ya mafuta ya taa kambini kwa watafiti, akawa anayasukuma mbele yake kwa kishindo huku anakimbia kuwaelekea wenzake, hadi wote wakamkubali. Sisi tunasema debe tupu haliachi kutika, lakini kwa Mike mtikisiko wa debe uliepusha damu. Wanyama wale wale, katika hifadhi moja na ndani ya kipindi kifupi, walimaliza suala la ukubwa kwa kelele, kisha wakamaliza suala la mipaka kwa kuuana. Kwangu hilo linaonyesha kwamba silka hutoa nguvu, na njia ambayo nguvu hiyo itapita huamuliwa na mambo mengine, likiwemo mazoea ya kundi.

Ushahidi unaonipa moyo kuliko wote ni wa kundi moja la nyani ambalo Sapolsky alilichunguza huko huko Masai Mara. Katikati ya miaka ya 1980, madume wake wakorofi walizoea kwenda kupigania mabaki ya chakula kwenye jalala la hoteli ya watalii, wakala nyama yenye vijidudu vya kifua kikuu, wakafa. Wakabaki majike na madume wapole. Nyani dume huhama kundi alikozaliwa anapobalehe, kwa hiyo baada ya miaka kama kumi madume wote wa pale walikuwa wageni waliotoka katika makundi ya kawaida yenye vurugu za kawaida. Hata hivyo kundi lilibaki pole. Madume wakubwa waligombana wao kwa wao, lakini hawakushuka kuwatesa majike na wadogo kama ilivyo kwingineko, na wageni waliokuja wakali walipokewa kwa upole, wakachambuliwa manyoya mapema, wakabadilika. Nilipoisoma habari hiyo nilifunga kitabu nikalia, kwa sababu kwa miaka saba nilikuwa nimewaambia wazazi kwamba mtoto mkorofi ananyooshwa kwa fimbo.

Nyumbani kwangu nafuga kuku wa kienyeji, na hao wamenifundisha upande mwingine wa jambo hili. Mwanasayansi wa Norway, Thorleif Schjelderup-Ebbe, alieleza mwanzoni mwa miaka ya 1920 kwamba kila kundi la kuku lina ngazi: wa juu humdonoa anayemfuata, naye humdonoa wa chini yake, hadi kufika kwa yule anayedonolewa na wote na asiye na wa kumdonoa. Nilipowaingiza mitetea watatu wapya bandani siku moja, mchana, penye chombo kimoja cha chakula, asubuhi ya tatu nilimkuta mdogo wao amejibana pembeni, kisogo hakina manyoya, damu inamchuruzika, na wengine wanaifuata damu hiyo kwa midomo. Nilimtenga nikampaka dawa. Kisha nikaongeza vyombo vya chakula viwili, nikaweka vijiti vya kulalia vya urefu tofauti, na wale wapya nikawaweka nyuma ya wavu kwa wiki moja waonane na wenyeji bila kugusana, ndipo nikawachanganya usiku wakiwa wamelala. Ngazi haikuondoka. Damu ndiyo iliyokoma.

Kuku wale walinifundisha kumtazama wa mwisho. Ukitaka kujua hasira za nyumba yako zinaishia wapi, usimtazame baba wala mama, mtazame asiye na wa kumshukia. Katika nyumba nyingi za kwetu mtu huyo ni dada wa kazi, au mtoto wa ndugu aliyeletwa baada ya kufiwa na wazazi. Je, ana mahali pake pa kulala ambapo hakuna anayeingia bila hodi? Anakula wakati wengine wanakula, au anasubiri sufuria? Jina lake linaitwa kwa sauti gani inapofika saa mbili usiku, wote wamechoka na umeme umekatika? Shuleni ni vivyo hivyo. Bomba moja kwa wanafunzi mia nane linazalisha ugomvi ambao hakuna mwalimu wa nidhamu atakayeumaliza, na sisi tulipopata mabomba mawili zaidi, kesi zangu za asubuhi zilipungua bila mimi kufanya lolote.

Lililobaki ni nini cha kufanya hasira inapokuwa imeshatoka, maana itatoka. Frans de Waal, aliyewachunguza sokwe mtu katika bustani ya wanyama ya Arnhem nchini Uholanzi miaka ya 1970, aliona kwamba mara baada ya kupigana wahusika hutafutana: mmoja hunyoosha mkono, wanakumbatiana, wanabusiana, kisha wanachambuana manyoya. Sisi binadamu tumekwenda mbali zaidi. Wahehe na Wangoni, waliopigana vita vikali mwishoni mwa karne ya 19, leo ni watani, na Mngoni anaweza kuingia kwenye msiba wa Mhehe akatania hadi wafiwa wacheke. Lakini ndani ya nyumba na darasani nimeona kwamba wakubwa tunadhani kupatana ni kazi ya mdogo. Tunamlazimisha aseme “nisamehe” huku anafuta machozi, nasi hatusemi neno. Anza wewe uliye mkubwa, tena siku hiyo hiyo, na usichanganye kuomba radhi na hotuba. Neno “lakini” likiingia, radhi imekwisha.

Kuna jambo ambalo sitaki lieleweke vibaya. Kupatana ni kwa watu wanaoweza kusimama sawa. Mke anayepigwa, au mtoto anayeumizwa kila wiki, hahitaji kusuluhishwa na mtesi wake sebuleni; anahitaji kuwekwa mbali naye kwanza, kama nilivyomtenga yule mtetea. Nenda Dawati la Jinsia na Watoto katika kituo cha polisi, au piga namba 116, ambayo ni ya kuwasaidia watoto na haitozwi fedha.

Yule mvulana nilimwita baada ya ile safari ya Gombe, karibu mwaka mzima tangu siku ya dagaa, akiwa sasa darasa la saba. Nilimwambia kwamba siku ile nilimchapa kwa kosa ambalo halikuwa lake, kwamba nilikuwa nimekasirishwa na mtu mwingine, na kwamba ninamwomba radhi. Alitazama chini, akasema, “Sawa, mwalimu,” akaomba ruhusa ya kurudi darasani kwa sababu kipindi cha hisabati kilikuwa kimeanza. Kwa majuma matatu aliendelea kunipita kwa “shikamoo” ya haraka haraka. Juma la nne, katika somo la sayansi, niliuliza swali kuhusu mmeng’enyo wa chakula, na mkono wake ukawa miongoni mwa iliyonyooshwa.