Mkwe wa Mfalme Adui

SWALI: Shikamoo Mwalimu. Toleo lililopita ulimtaja kwa mstari mmoja Enguerrand wa Saba wa Coucy, kabaila wa Ufaransa aliyemwoa binti wa mfalme wa Uingereza wakati nchi hizo zina vita. Alikuwa upande gani? Na watoto wake waliangukia wapi?

JIBU: Marahaba, mwanangu. Enguerrand hakwenda Uingereza kuposa, alipelekwa rehani. Mfalme Jean wa Pili wa Ufaransa alitekwa vitani Poitiers mwaka 1356, na Mkataba wa Brétigny wa 1360 ukataka makabaila wawekwe dhamana hadi fidia yake ilipwe. Kijana huyu, yatima wa miaka 20 hivi, alikuwa mmoja wao. Huko akampata Isabella, binti mkubwa wa Edward wa Tatu, bibie aliyemzidi miaka minane na ambaye posa zake za nyuma zote zilivunjika. Wakaoana Windsor, Julai 1365. Bwana harusi akaachiwa huru bila kulipa fidia, na mwaka uliofuata baba mkwe akamfanya Earl wa Bedford, cheo cha juu cha kikabaila huko Uingereza. Mwanamume kutunzwa hivyo ukweni, si haba!

Vita viliporudi mwaka 1369, alibanwa: ampige mfalme wake au mkwewe? Akawakwepa wote wawili. Alikwenda Italia kumpigania Papa, na mwaka 1375 akaongoza jeshi la mamluki kudai urithi wa mama yake, Catherine wa Austria, kwa akina Habsburg, ukoo uliotawala Austria. Kwa maoni yangu alikuwa akisubiri mzee afe. Edward alifariki Juni 1377, na Agosti hiyohiyo Enguerrand akamwandikia mfalme mpya, Richard wa Pili, akimrudishia vyeo vyote vya Kiingereza, hata Nishani ya Garter, heshima kuu ya mashujaa wa Kiingereza. Tangu hapo alikuwa mtu wa Ufaransa bila wasiwasi.

Nyumba ndiyo iliyopasuka. Marie, binti wa kwanza, alibaki Ufaransa, akaolewa na Henri de Bar. Philippa alikulia Uingereza kwa mama yake, akaozwa kwa Robert de Vere, kipenzi cha Richard. Huyo bwana akamwacha kwa ajili ya Agnes, mwanamke aliyekuja na msafara wa malkia kutoka Bohemia. Hapo mimi humvulia kofia mavyaa yake, Maud: alimlaani mwanawe wa kumzaa, akamkumbatia mke aliyeachwa.

Isabella alipofariki, Enguerrand akamwoa Isabelle wa Lorraine mwaka 1386, wakapata binti mmoja. Miaka kumi baadaye akaenda kwenye vita vya msalaba, akatekwa na Waturuki huko Nicopolis, Septemba 1396, yeye pamoja na mkwewe Henri. Alifia kifungoni Bursa, Februari 1397. Henri alikomboka, lakini naye akafa njiani kabla hajafika kwake. Marie akabaki mjane, akigombea urithi na mama yake wa kambo, hadi mwaka 1400 alipoiuza milki ya Coucy kwa Louis wa Orléans, ndugu wa mfalme.