Mume wangu ana kazi, je, bado tunastahili fudistempu?

Maswali ya wasomaji wetu wa Marekani

SWALI: Shikamoo mama. Nimezaliwa Fizi, nikakulia kambi ya Nyarugusu, Kigoma. Sasa tupo Amarillo, Texas, mimi, mume wangu na watoto wawili, wa miaka 9 na 4. Tuliletwa kama wakimbizi. Watatu tuna grini kadi, kile kibali cha kuishi hapa daima, huyu mdogo alizaliwa hapa hapa. Mume wangu yuko kiwanda cha nyama, analipwa dola 2,800 kwa mwezi kabla ya makato. Kodi ya nyumba ni 1,100, na umeme, gesi na maji ni kama 300. Mama yangu bado yuko kambini, namtumia dola 150 kila mwezi. Shemeji yangu naye anaishi kwetu, anafanya kazi ya usiku. Wenzangu kanisani wananiambia nisijisumbue kuomba fudistempu, ule msaada wa serikali wa kununulia chakula: mume ana kazi, shemeji ana kazi, na tena watatunyang'anya grini kadi. Lakini wiki ya mwisho ya mwezi watoto wanalala na uji. Nifanye nini?
Mama wa wawili, Amarillo

JIBU: Marahaba, mwanangu. Omba. Kwa hesabu ulizoniandikia, mnaelekea kustahili. Usingoje mwezi mwingine upite, kwa sababu msaada huhesabiwa kuanzia siku ofisi ilipopokea fomu yako. Wiki zilizopita kabla ya hapo hazirudishwi.

Haya maneno ya "mume ana kazi" nayasikia kila Jumamosi hapa Houston, kwenye ukumbi wa kanisa ninakokaa kuwajazia watu fomu. Si kweli kwamba mpango huu ni wa wasio na kazi peke yao. Jina lake rasmi ni SNAP, na wanachoangalia ni kaya ina watu wangapi, inaingiza kiasi gani, na inatoa kiasi gani kwa vitu ambavyo haiwezi kuvikwepa. Mwanamume anayekata nyama zamu nzima kwenye baridi ya kiwanda anaweza kabisa kuwa na mshahara usiotosha kuwashibisha watoto wake. Kodi anakatwa kama wengine, na msaada huu ni haki ya familia yake kama ilivyo ya wengine.

Chukua kalamu tuhesabu pamoja. Viwango ninavyotumia ni vya Oktoba 2025 hadi Septemba 2026. Kwa kaya ya watu wanne, serikali kuu inataka pato lisizidi dola 3,483 kwa mwezi kabla ya makato, yaani asilimia 130 ya mstari wa umaskini, lile pato ambalo chini yake serikali inaihesabu kaya kuwa maskini. Texas imepandisha kiwango hicho hadi asilimia 165. Nyinyi mna 2,800, kwa hiyo hapo mmepita.

Kisha wanaanza kupunguza. Asilimia 20 ya mshahara inaondolewa, yaani dola 560, zinabaki 2,240. Zinaondolewa tena 223 ambazo kila kaya ya watu wanne hupunguziwa, zinabaki 2,017. Sasa inakuja nyumba. Gharama za makazi zikizidi nusu ya hizo zilizobaki, ile ziada nayo inaondolewa. Ina kikomo chake, ila nyinyi hamjakifikia. Nusu ni kama 1,008, nanyi mnatoa 1,400, kwa hiyo ziada ni 392 hivi. Pato linalohesabika limeshuka mpaka 1,625. Serikali inachukulia kwamba asilimia 30 ya pato hilo, dola 488, mtanunulia chakula wenyewe. Kiwango cha juu cha msaada kwa watu wanne ni 994. Toa 488, unabaki na dola 506 kwa mwezi. Ofisi inaweza kupata tofauti na mimi, kwa kuwa bili za umeme na gesi mara nyingi hupigwa kwa kiwango maalumu cha jimbo, lakini unaona mwenyewe kwamba si pesa ya kuachia.

Zile 150 unazomtumia mama yako hazimo katika hesabu hii. Fomu haina mahali pa kuziandika, na inaniuma kila ninapomwambia mtu hivyo, maana najua kambini huko kuna mtu anakula kwa pesa hiyo. Lakini ukipata kazi na ukawa unamlipa mtu amwangalie huyo wa miaka 4, hiyo inapunguzwa, hata kama mlezi ni jirani tu. Mwombe akuandikie barua yenye kiasi unachomlipa na sahihi yake.

Shemeji yako sasa. Kaya katika fudistempu ni watu wanaonunua chakula pamoja na kupika pamoja. Mume na mke wanaoishi pamoja lazima wawe kaya moja, na mtoto aliye chini ya miaka 22 anayeishi na wazazi wake lazima ahesabiwe nao. Shemeji hayumo katika lazima hiyo. Kama ana unga wake, mafuta yake, na anajipikia anapotoka kazini asubuhi, yeye ni kaya yake na mshahara wake hauwahusu. Kama mnakula chungu kimoja, basi mwandike, pamoja na mshahara wake. Najua kwetu ni vigumu kumwambia shemeji kwamba sufuria hii si yako, na sahani ya pilau ya Jumapili haimfanyi kuwa kaya yenu. Kinachoangaliwa ni mazoea ya siku zote. Sema yalivyo. Na kama anachangia kodi ya nyumba, sema pia, usiandike 1,100 zote kama zenu.

Kuhusu grini kadi, wenzako wanakutisha bure. Mtu aliyeingia kama mkimbizi hapimwi kwa kile kipimo cha uhamiaji kinachoangalia kama mtu atakuwa mzigo kwa serikali. Kinachomponza mtu ni kudanganya kwenye fomu. Ila lipo jambo ambalo nataka nyinyi mliopata grini kadi muwaambie ambao bado. Sheria iliyosainiwa tarehe 4 Julai 2025 imewaondoa wakimbizi na waliopewa hifadhi katika fudistempu mpaka wapate grini kadi. Zamani mkimbizi alistahili tangu anashuka kwenye ndege. Leo familia inafika na mabegi yake, haina kazi, haina gari, na mlango huo umefungwa. Ni uamuzi mbaya, na watoto ndio wanaoubeba. Kwa hiyo mkimbizi aliyetimiza mwaka mmoja hapa asikae: apeleke maombi ya grini kadi. Akishaipata anastahili papo hapo, bila kungoja ile miaka mitano ambayo watu wazima wengine wengi wenye grini kadi hungoja kabla ya kupata fudistempu.

Sheria hiyo hiyo imekaza suala la kazi. Mtu mzima mpaka miaka 64 mwenye uwezo wa kufanya kazi, asiye na mlemavu wala mtoto wa chini ya miaka 14 wa kumtunza anatakiwa aonyeshe saa 80 za kazi au mafunzo kwa mwezi, la sivyo anapata miezi mitatu tu ndani ya miaka mitatu. Wewe una mtoto wa miaka 4, halikugusi.

Sasa nikuambie pale ambapo watu wetu wanakwama. Siyo kwenye mshahara. Wanakwama kwenye barua na simu. Mama anakuja ukumbini na mfuko wa plastiki, anaumwaga mezani: bahasha za serikali, nyingine hazijafunguliwa kwa sababu zimeandikwa Kiingereza. Nafungua moja, ndani mna tarehe ya mahojiano, na tarehe imepita. Mahojiano hufanywa kwa simu. Namba ngeni inapiga saa nne asubuhi, mama anadhani ni matapeli, hapokei, na maombi yanakataliwa ilhali kila kitu kingine kilikuwa sawa. Kwa hiyo ukishaomba, pokea kila simu. Ikipigwa, sema neno moja tu, "Swahili", kisha ngoja. Ofisi inatakiwa kukupa mkalimani bila malipo. Usimtumie mtoto wako wa miaka 9. Hapaswi kusikia mahesabu ya baba yake, na maneno mengine hayajui hata kwa Kiswahili.

Pa kuanzia, piga 2-1-1, uko Texas, watakuelekeza. Fomu yenye jina, anwani na sahihi tu inatosha kupokelewa siku hiyo hiyo, mengine unayamalizia baadaye. Andaa karatasi za mshahara za mwezi mzima, mkataba wa nyumba, bili, na grini kadi zenu. Texas huuliza pia akiba ya benki na magari. Kama umepokea upatu juzi na pesa imelala kwenye akaunti, itaonekana, ieleze. Jibu linatakiwa ndani ya siku 30. Ikiwa hali ni mbaya mno, kwa mfano kodi na bili zinazidi pesa zote mlizo nazo mwezi huo, wanatakiwa wakushughulikie ndani ya siku saba, lakini sema mwenyewe kwamba hamna chakula. Wakikataa na wewe unaona wamekosea, una siku 90 za kukata rufaa. Na baada ya miezi kadhaa, mara nyingi sita, itakuja barua ya kuomba upya. Hiyo ukiiacha kwenye mfuko, kadi ya fudistempu, ile ambayo msaada huingizwa humo kila mwezi, inakauka.

SWALI: Shikamoo. Sisi ni wa Tanga, tuko Raleigh, North Carolina. Tumeingia miaka miwili iliyopita kwa bahati nasibu ya grini kadi. Mke wangu ni mjamzito, watoto wana miaka 7 na 3. Nimepunguziwa saa kazini. Wanasema lazima tungoje miaka mitano ndipo tupate fudistempu. Na je, tukiomba, tutanyimwa uraia?
Baba Mwanaidi

JIBU: Marahaba, Baba Mwanaidi. Miaka mitano ni yenu wewe na mkeo. Watoto wenye grini kadi walio chini ya miaka 18 hawangoji hata siku moja, na huyo atakayezaliwa hapa atakuwa raia. Omba kwa ajili ya watoto. Nyinyi wazazi mtaandikwa na pato lenu litaangaliwa, ila mgao utakuwa wa watoto. North Carolina inakubali pato la hadi asilimia 200 ya mstari wa umaskini, kwa hiyo usijikatae kabla hujaulizwa. Watoto wakiingia SNAP wanapata pia chakula cha bure shuleni.

Mkeo asingoje hayo. Leo aende kuomba WIC, ambao ni mpango mwingine kabisa: wajawazito, waliojifungua karibuni, na watoto mpaka watimize miaka mitano. Hauna kipimo cha miaka mitano ya grini kadi, na pato linaruhusiwa hadi asilimia 185. Wanatoa maziwa, mayai, maharage, matunda na mboga, na wanampima mama damu kama imepungua. Wanaume wetu wengi hawaujui mpango huu kwa sababu wake zao ndio wanaoambiana kliniki. Mpeleke wewe mwenyewe.

Uraia: anayeomba uraia hapimwi kama ni mzigo kwa serikali. Kipimo hicho kinahusu zaidi wanaoomba viza na grini kadi, nanyi mmeshavuka. Kama kuna ndugu unayetaka kumleta kwa kumdhamini, zungumza na mwanasheria wa uhamiaji kwanza.

SWALI: Mama, kadi yangu ya fudistempu imekataa sabuni na kuku wa kuchoma, nikaona aibu mbele za watu. Mwenye duka akaniambia kwa siri atanipa pesa taslimu dola 50 nikimkatia 100 kwenye kadi. Ni sawa?
Mwanafunzi, Dallas

JIBU: Si sawa, mwanangu, na usirudi kwenye duka hilo. Kubadilisha fudistempu kuwa pesa ni kosa la jinai, nawe ndiye utakayefungiwa, na chakula chako nusu kimekwenda.

Kadi haikukataa kwa sababu yako. Hainunui sabuni, nepi, dawa, vitamini, pombe, sigara, wala chakula cha moto kilichopikwa tayari. Kuku mbichi inanunua. Unga, mchele, dagaa, mafuta, viungo vya pilau, vyote inanunua, hata kwenye maduka ya Kiafrika yenye kibali. Na jambo ambalo wengi hawalijui: inanunua mbegu na miche ya chakula. Kuna mama mmoja hapa Houston amepanda mchicha na matembele kwenye ndoo sita nyuma ya apatimenti, mbegu za mchicha amenunua kwa kadi, na kuanzia Aprili hanunui mboga.

Badilisha namba ya siri ya kadi mara kwa mara, hasa siku moja kabla pesa haijaingia. Wapo wezi wanaobandika vifaa kwenye mashine za madukani na kunakili kadi. Serikali kuu ilikuwa ikirudisha pesa zilizoibiwa kwa njia hiyo, lakini urudishaji huo uliisha kwa wizi uliotokea baada ya tarehe 20 Desemba 2024. Pia usimtajie mtu namba hiyo kwenye simu, hata akisema anapiga kutoka ofisini.