Maswali na Majibu: Mabasi ya Bristol

Mwezi uliopita ukurasa huu ulisimulia kwa ufupi habari za Bristol Omnibus Company, kampuni iliyobeba abiria wa jiji la Bristol na miji ya jirani kama Bath na Gloucester, kusini-magharibi mwa Uingereza. Maswali yamekuja mengi. Nimechukua yale yaliyoulizwa na zaidi ya mtu mmoja.

*Shikamoo mwandishi. Umesema kampuni ilianza mwaka 1875. Mwaka huo mabasi yalikuwepo? (Msomaji wa Tanga)*

Marahaba. Ya injini hayakuwepo, walianza na farasi. Tarehe 9 Agosti 1875 tramu za kukokotwa na farasi zilianza kutembea kwenye reli zilizolazwa barabarani, chini ya jina la Bristol Tramways Company. Katibu wake alikuwa George White, kijana wa miaka ishirini na kitu aliyetokea kwenye ukarani wa ofisi ya mawakili. Kijana huyo ndiye aliyekuja kuwa bwana mkubwa wa usafiri wa Bristol hadi alipofariki mwaka 1916.

Tarehe 14 Oktoba 1895 tramu ya umeme ilianza kwenda kutoka Old Market hadi Kingswood, na Januari 1906 yakaja mabasi ya injini. Jina la Bristol Omnibus lenyewe ni la mwaka 1957. Kabla ya hapo kampuni iliendelea kuitwa ya tramu, ingawa tramu zilikuwa zimekufa miaka 16 nyuma.

*Zilikufaje? (Msomaji huyohuyo)*

Njia kadhaa zilikwisha kufungwa kabla ya vita. Zilizobaki zilimalizwa na bomu la Wajerumani. Ijumaa Kuu, tarehe 11 Aprili 1941, bomu liliangukia daraja la St Philip's na kukata nyaya zilizotoa umeme kwenye kituo cha kufulia umeme wa tramu. Hazikurudishwa tena.

*Rafiki yangu anadai kampuni hiyo ya mabasi ndiyo iliyozaa viwanda vya ndege vya Bristol. Anatania? (Msomaji wa Mombasa)*

Hatanii. Mwaka 1910 George White alianzisha kampuni ya kutengeneza ndege, na mahali pa kuanzia palikuwa mabanda ya kampuni ya tramu yaliyoko Filton, kaskazini mwa jiji. Watu waliozoea kuunda mabodi ya mbao na kufunga injini za mabasi walikuwa karibu, na mtaji ulitoka kwa White na jamaa zake. Kiwanda hicho kikakua kuwa Bristol Aeroplane Company. Aprili 1969, Concorde ya kwanza iliyoundwa Uingereza, ndege ya abiria yenye mwendo kuliko sauti, iliruka kutoka uwanja wa Filton. Kila ninapoiona picha ya ndege ile nakumbuka kwamba pale palikuwa mwisho wa njia ya tramu.

*Mimi ni fundi magari. Nimesikia walikuwa wakiunda mabasi yao wenyewe. Yalikuwa na lipi la pekee? (Msomaji wa Morogoro)*

Fundi, swali lako limenifurahisha. Waliunda mabasi tangu 1908, na karakana yao kubwa ilikuwa Brislington. Kazi yao bora kuliko zote ni basi la ghorofa lililoitwa Lodekka.

Uingereza imejaa madaraja ya reli yaliyopita juu ya barabara, na mengi ni ya chini. Basi la ghorofa la kawaida, lenye urefu wa kama mita 4.4 kwenda juu, haliwezi kupita chini yake. Dawa ya zamani ilikuwa kuushusha ujia wa ghorofani na kuusogeza upande mmoja, huku viti vikipangwa vinne vinne kwa mstari. Aliyekaa dirishani akitaka kushuka, watatu wainuke. Na abiria wa chini, aliyekaa chini ya ule ujia, akisahau na kusimama ghafla, kichwa kinagonga dari.

Mafundi wa Bristol waliamua kushughulika na sakafu ya chini badala ya dari. Shafti ya kutoka kwenye giaboksi waliipitisha pembeni badala ya katikati, na ekseli ya nyuma wakaitengeneza ikiwa imezama katikati, ili sakafu ishuke. Basi likapungua hadi karibu mita 4.1 huku ujia ukibaki katikati, juu na chini. Abiria mzee akipanda, hakuna ngazi ya pili ya kumchosha. Mfano wa kwanza ulitoka mwaka 1949, na hadi uundaji uliposimama mwaka 1968 yalikuwa yametoka zaidi ya 5,000. Mabodi yake yalifungwa Lowestoft, upande wa pili wa nchi.

Kikwazo kilikuwa soko. Kampuni ilitaifishwa mwaka 1948, na kwa miaka mingi baada ya hapo iliruhusiwa kuyauzia mashirika ya serikali tu. Kiwanda kilifungwa mwaka 1983. Kwa maoni yangu ufundi ule ulistahili soko pana zaidi.

*Je, mabasi ya Bristol Omnibus yaliwahi kuendeshwa kwetu Afrika Mashariki? (Msomaji wa Nairobi)*

Kampuni yenyewe haikufika. Jirani yake ndiye aliyefika. Ng'ambo ya mto Severn, katika mji wa Chepstow, Wales, kulikuwa na kampuni ya Red & White, ambayo pia iliendesha mabasi ya Cheltenham, Uingereza. Mwaka 1950 Red & White iliiuzia serikali mabasi yake ya nyumbani, na yale ya Cheltenham yakawekwa chini ya Bristol. Wenye kampuni wakabaki na biashara ya nje, United Transport. Hiyo ndiyo iliyokuja kumiliki Kenya Bus Services, KBS yenu iliyoanza Nairobi mwaka 1934, na pia DMT ya Dar es Salaam, ambayo baada ya kutaifishwa ilizaa mashirika ya mabasi ya UDA na KAMATA mwaka 1974.

*Uligusia mgomo wa mwaka 1963 wa kuyasusia mabasi kwa sentensi moja tu. Mimi naishi Uingereza, na wanangu wamezaliwa huku. Naomba utueleze. (Msomaji wa Leicester)*

Dada, una haki ya kudai zaidi, na niliona haya nilipousoma ujumbe wako.

Miaka ile Bristol ilikuwa na maelfu ya watu kutoka visiwa vya Karibi, na kampuni ilikuwa na upungufu wa wafanyakazi. Hata hivyo, Mweusi hakuajiriwa kuwa dereva wala kondakta. Alipokelewa karakanani na kwenye kantini, mahali ambapo abiria hamwoni. Mwaka 1955 tawi la chama cha wafanyakazi lilikuwa limepitisha azimio la kuwakataa. Mishahara ilikuwa midogo na watu waliishi kwa saa za ziada, hivyo madereva Wazungu walihofia kwamba wakija wengine, saa hizo zitapungua. Uongozi nao ukajificha nyuma ya chama. Na sheria ya kuuzuia ubaguzi huo haikuwepo.

Wanaume wanne wa Kikaribi, Roy Hackett, Owen Henry, Audley Evans na Prince Brown, waliunda baraza la kupigania haki, na msemaji wao akawa Paul Stephenson, ofisa wa vijana wa jiji. Stephenson alipiga simu kwenye kampuni na kuambiwa nafasi zipo. Akampangia usaili kijana wa miaka 18, Guy Bailey, mzaliwa wa Jamaika mwenye sifa zote. Kampuni ilipojulishwa kijana ni wa Karibi, usaili ukafutwa.

Tarehe 29 Aprili 1963 wakatangaza: hatupandi mabasi. Waliiga mfano wa Weusi wa mji wa Montgomery kule Marekani, waliosusia mabasi ya mji wao. Watu walitembea kwa miguu au kwa baiskeli, wanafunzi wa chuo kikuu wakaandamana, mbunge Tony Benn akawaunga mkono, na Learie Constantine, balozi wa Trinidad na Tobago jijini London, akasema hadharani bila kificho. Ilichukua miezi minne. Tarehe 27 Agosti wafanyakazi 500 wa mabasi walikutana na kukubali kuuondoa ubaguzi. Kesho yake meneja mkuu, Ian Patey, akautangazia umma. Ilikuwa tarehe 28 Agosti 1963, siku ileile Martin Luther King aliyohutubia umati Washington.

Waeleze wanao kwamba kondakta wa kwanza asiye Mzungu hakuwa Mkaribi. Alikuwa Raghbir Singh, Kalasinga, aliyeanza kazi tarehe 17 Septemba akiwa na kilemba chake. Wengine kutoka Jamaika na Pakistani wakamfuata. Bunge lilipitisha sheria ya kwanza dhidi ya ubaguzi wa rangi mwaka 1965, na ile ya 1968 ikagusa ajira. Wanahistoria wengi huuhesabu mgomo wa Bristol miongoni mwa vilivyozisukuma sheria hizo.

*Kampuni ipo bado? (Wengi)*

Kwa jina hilo, haipo. Mwaka 1969 iliingia shirika la taifa la mabasi. Mwaka 1983 Cheltenham na Gloucester zikakatwa, na muda si mrefu njia za Bath na vijijini zikawa kampuni nyingine, Badgerline. Kisha ikaja sheria ya kubinafsisha, na tangu tarehe 26 Oktoba 1986 biashara ya mabasi ikaachwa kwa ushindani. Mwaka 1988 mtoto akamnunua mama: Badgerline ikachukua mabasi ya Bristol. Mwaka 1995 Badgerline iliungana na kampuni ya Aberdeen ikazaliwa FirstBus, na mabasi ya Bristol leo yana jina la First.

*Kuna aliyeomba radhi kwa yale ya 1963? (Msomaji wa Leicester)*

Mwaka 2013, miaka 50 baadaye, chama cha wafanyakazi cha Unite, kilichorithi chama kile cha zamani, kiliomba radhi. Mwaka uliofuata bamba la kumbukumbu ya mgomo likazinduliwa ndani ya stendi kuu ya mabasi ya Bristol. Kutoka Leicester si mbali sana, dada. Siku ya mapumziko wapeleke watoto walisome.