Kasubi na Namugongo kwa siku moja

Ndugu, umeuliza kama siku moja inatosha kumtembeza mama yako Kasubi, kwenye makaburi ya wafalme wa Buganda jijini Kampala, na Namugongo, eneo la kumbukumbu ya mashahidi Wakristo nje kidogo ya jiji. Inatosha, mradi muanze Kasubi asubuhi na mapema, kabla ya foleni za magari, mkiwa na mwongozaji anayeijua vyema historia ya Buganda. Mama avae sketi ndefu, na viatu mtavivua mlangoni mwa nyumba ya makaburi. Kisha mwombeni mwongozaji awaonyeshe, juu darini, pete 52 za nyasi zinazowakilisha koo za Waganda. Hapo Kasubi ndipo alipozikwa Kabaka (mfalme wa Buganda) Mwanga II, ambaye kwa amri yake Wakristo walichomwa moto Namugongo mwaka 1886, na ndiyo sababu nasisitiza sana mfuate mpangilio huu. Epukeni tarehe 3 Juni, siku ya kuwakumbuka mashahidi hao, kwani umati wa mahujaji Namugongo utamchosha mama.