Simu Ilale Ukumbini

Anayefanya kazi ya kupokea wageni hapa Unguja anajua: saa sita za usiku kwetu, New York jua halijachwa. Mtu wa huko anauliza habari za chumba sasa hivi, anataka jibu sasa hivi. Mimi kazi yangu ndiyo hiyo, kujibu, na kila anayelalamika kwangu kuwa hapati usingizi humwambia jambo moja kwanza: simu isilale chumbani. Ichajiwe ukumbini.

"Na msiba je?" Swali la haki, maana kwetu maiti hakawizwi. Basi yazime sauti magrupu yote, mlio wa kupigiwa uache juu. Habari nzito watu hupiga. Ujumbe wa saa nane za usiku aghalabu ni mtu anauza madera.

Wengi hukimbilia kugeuza mwanga wa simu uwe wa manjano. Ni kweli mwanga wa buluu huichelewesha melatonini, homoni inayoutayarisha mwili kulala, lakini kinachonikesha mimi si rangi. Ni mgeni aliyekosa maji ya moto. Ni ugomvi wa michango ya harusi. Ukishapandwa na hasira, hata kioo kiwe rangi ya mchuzi, hulali.

Waliokuwepo umeme ulipokatika kisiwa kizima, Disemba 2009 hadi Machi 2010, watakwambia tulikuwa tukilala mapema. Sitamani turudi huko, maana pampu hazikufanya kazi na watu walihangaika na ndoo. Lakini usingizi ulikuwepo.

Mchana nao una haki yake. Tuko karibu nyuzi sita tu kusini mwa ikweta, kwa hivyo saa ya jua kuchwa haihami sana mwaka mzima, na saa ya kutoka nje kupumzisha macho haina haja ya kubadilika. Nikishasali alasiri nakwenda uwanja wa Maisara au bustani ya Forodhani, simu ndani ya mkoba. Machweo nawaachia wageni wapige picha. Aliyeinamia kioo hupepesa macho mara chache, ndiyo maana yanakauka na kuwasha. Ukitazama ngalawa ya mbali misuli ya macho inalegea. Na kukaa barazani kila mtu na simu yake, huko sikuhesabu kutoka.

Watoto zaidi. Taiwan ilianza mwaka 2010 kuhimiza skuli ziwatoe wanafunzi nje dakika 120 kwa siku, ili kupunguza tatizo la kutoona mbali. Sisi uwanja tunao, jua tunalo, na bado tunawapa simu watulie.

Kuhusu wageni, nimeweka jibu la kujituma lenyewe: "Nitakujibu baada ya saa 1 asubuhi, saa za Zanzibar." Wengi husubiri. Wasiosubiri huhamia hoteli nyengine, nami nawaacha waende.